Agano Lina Bei

Somo: Ezekieli 37:15–28, Matendo ya Mitume 6:1–7



Nabii Ezekieli aliagizwa atwae vijiti viwili. Juu ya kimoja aandike jina la Yuda, juu ya kingine jina la Yusufu, kisha avishike pamoja mpaka viwe kimoja mkononi mwake. Tazameni alichoagizwa, na tazameni pia ambacho hakuagizwa. Hakuambiwa afute jina la Yuda ili Yusufu apate nafasi. Hakuambiwa avunje kijiti kifupi ili kirefu kitawale. Majina yote mawili yalibaki yakisomeka, na mkono mmoja ukayashika.

Leo nawapeleka mbali na kwetu, ng'ambo ya Bahari ya Hindi, mpaka Australia. Huko makoloni sita ya Mwingereza yalijadiliana kwa zaidi ya miaka kumi. Yalikaa mezani, yakagombana, yakaondoka, yakarudi, yakaandika agano, yakawapelekea wananchi walipigie kura, na tarehe 1 Januari 1901 yakawa taifa moja. Hakuna koloni lililolivamia lingine kwa silaha ili liungane nalo. Nataka tuisome habari hiyo kwa macho mawili. Jicho moja litazame kile walichokitoa waliokaa mezani. Jicho la pili litazame walichonyang'anywa wale ambao hawakualikwa. Anayefumba jicho moja kati ya hayo atajifunza uongo, na ataufundisha kwa watoto wake.

Ndugu waliotozana ushuru

New South Wales, Victoria, Queensland, Australia Kusini, Australia Magharibi na Tasmania: kila koloni lilikuwa na bunge lake, gavana wake, stempu zake na askari wake. Walowezi wa makoloni hayo walizungumza lugha moja, walimtii malkia mmoja, walisali katika makanisa ya madhehebu yaleyale. Lakini mkulima aliyevusha mazao yake Mto Murray, kutoka New South Wales kwenda Victoria, alimkuta ofisa wa forodha akimsubiri ng'ambo. Victoria ilivilinda viwanda vyake kwa ushuru mkali. New South Wales iliamini biashara huria. Kila upande ulisema unawalinda watu wake, na watu waliolindwa hivyo walilipa zaidi kwa unga, kwa viatu na kwa jembe.

Hata reli zao zilikataa kusalimiana. New South Wales ilijenga njia yenye upana wa milimita 1,435, Victoria ikajenga ya milimita 1,600, Queensland ya milimita 1,067. Mwaka 1883 reli ya Sydney na reli ya Melbourne zilikutana mpakani, katika mji wa Albury, na hapo ndipo ilipodhihirika kwamba behewa la upande mmoja haliwezi kupita upande wa pili. Abiria aliamshwa, akashuka na mizigo yake, akavuka jukwaa, akapanda treni nyingine aendelee na safari katika nchi ileile. Na sikieni neno hili, enyi mnaojenga kuta kwa hasira ya siku moja: taifa lilizaliwa mwaka 1901, lakini ilikuwa mwaka 1962 ndipo reli ya upana mmoja ilipounganisha Sydney na Melbourne. Mabwana waliobishana juu ya vipimo vile walikuwa makaburini zamani, na wajukuu zao bado walikuwa wakishusha mizigo Albury.

Kwa nini basi walianza kuzungumza? Tusiwapambe. Hofu ilikuwa na sehemu yake kubwa. Mwaka 1884 Ujerumani ilitwaa sehemu ya kaskazini-mashariki ya kisiwa cha New Guinea, jirani kabisa na Queensland, na makoloni yakatambua kwamba hakuna hata moja linaloweza kujilinda peke yake. Mwaka 1889 Meja Jenerali Edwards, aliyetumwa kuyakagua majeshi yao, alishauri yaunganishwe. Mungu hutumia hata hofu kuwaamsha waliolala. Lakini hofu huwaleta watu mezani tu. Haiwezi kuwaketisha hapo miaka kumi. Kwa hilo inahitajika imani.

Mzee aliyekusanya mierezi

Tarehe 24 Oktoba 1889, katika mji mdogo wa Tenterfield, alisimama mzee wa miaka 74, Henry Parkes, waziri mkuu wa New South Wales. Alizaliwa Uingereza katika familia iliyofukarika, akafika Sydney mwaka 1839 bila mali. Jioni ile aliwaambia watu kwamba wakati umefika wa kuwa na serikali moja na bunge moja kwa mambo yanayowahusu wote. Wengi walidhani anajitafutia sifa za uzeeni. Yeye akaandika barua, akasafiri, akabembeleza. Februari 1890 viongozi wa makoloni walikutana Melbourne. Machi 1891 wajumbe walikusanyika Sydney, na wa New Zealand wakiwemo, kuandika rasimu ya katiba.

Wakati wa Pasaka ya mwaka ule, Samuel Griffith wa Queensland aliwachukua wenzake wachache katika meli ndogo iitwayo Lucinda, wakaingia Mto Hawkesbury, mbali na kelele za jiji. Mbele yao walikuwa na rasimu ya awali iliyoandikwa na Andrew Inglis Clark wa Tasmania. Wakaichambua neno kwa neno, kifungu kwa kifungu. Ndugu zangu, umoja una kazi ya makarani. Una kazi ya wino, ya kufuta na kuandika tena, ya kuuliza mapato ya bandari yatagawanywaje na nani atamteua jaji. Tumezoea kuuombea umoja kwa sauti kubwa na kuukimbia unapofika wakati wa kuandika hesabu. Anayeupenda umoja kweli huyapenda pia makaratasi yake.

Rasimu ile ilirudishwa katika mabunge ya makoloni, na huko ikafifia. Kila bunge lilikuwa na jambo lake la dharura. Kisha uchumi ukaanguka, na mwaka 1893 benki nyingi zilifunga milango, hasa Melbourne, na akiba za wajane na mafundi zikanaswa ndani. Parkes alifariki Aprili 1896. Hakuliona taifa alilolihubiri. Mfalme Daudi alikusanya mierezi, chuma na shaba kwa ajili ya hekalu alilojua hatalijenga, na mzee huyu naye alikusanya. Nakuuliza wewe uliye na umri wangu: unakusanya nini kwa ajili ya nyumba ambayo hutaingia ndani yake?

Umoja uliporudishwa kwa watu

Sikilizeni ni wapi jambo lililokufa lilifufukia. Lilifufukia Corowa, mji mdogo ukingoni mwa Mto Murray, mahali ambapo watu walitozwa ushuru kila walipovuka daraja. Tarehe 31 Julai na 1 Agosti 1893 walikutana hapo wajumbe wa vyama vya kudai shirikisho, wafanyabiashara, wakulima, wanachama wa vyama vya kusaidiana. Mwenye kidonda ndiye aliyelia kwa sauti. Na kati yao alikuwepo John Quick, mwanasheria wa Bendigo, aliyefiwa na baba akiwa mdogo na kuanza kazi ngumu za mikono utotoni kabla ya kupata elimu.

Quick alileta pendekezo lililobadilisha kila kitu: wananchi wenyewe wawachague wajumbe wa kuandika katiba, na katiba ikishaandikwa irudishwe kwa wananchi waikubali au waikatae kwa kura. Mwaka 1895 mawaziri wakuu wa makoloni walikutana Hobart wakaukubali mpango huo. Machi 1897 kura zikapigwa katika makoloni manne. Australia Magharibi ilituma wajumbe waliochaguliwa na bunge lake, na Queensland haikutuma mtu safari hii. Australia Kusini, ambako wanawake walikuwa wamekwisha kupewa haki ya kura mwaka 1894, alisimama mwanamke mmoja kugombea, Catherine Helen Spence. Hakushinda. Lakini jina lake lilikuwa kwenye karatasi, na mabinti waliokuja baada yake walikuta njia imekwisha kukanyagwa.

Hapa nawaambia viongozi wote wanaosoma maneno haya, wa serikali na wa kanisa: muungano mliouandika ninyi kwa ninyi, mkaufungia kabatini, ni wenu ninyi kwa ninyi. Siku mtakayoondoka utaondoka nanyi. Uleteni kwa watu. Wakubali kwa vinywa vyao, au wakatae mkarekebishe. Watu hulinda walichokichagua.

Bei iliyolipwa mezani

Wajumbe wale waliketi Adelaide, kisha Sydney, kisha Melbourne, tangu Machi 1897 hadi Machi 1898. Kila koloni lililohudhuria lilikuwa na wajumbe kumi. Kumi wa New South Wales, yenye watu zaidi ya milioni moja; kumi wa Tasmania, isiyofikisha watu 200,000. Hilo lenyewe lilikuwa unyenyekevu wa mkubwa.

Kisha likaja swali lililokaribia kuvunja kikao: nani atatawala fedha? Makoloni makubwa yalisema, wengi ndio walipa kodi, basi wengi waamue. Madogo yakajibu, tukikubali hivyo tumemezwa. Walibishana mchana na usiku, na shauri likaamuliwa kwa tofauti ya kura chache tu, baada ya baadhi ya wajumbe wa makoloni madogo kuyaacha makundi yao na kupiga kura kuokoa agano. Matokeo yake yalikuwa haya. Baraza la Wawakilishi lihesabu watu, na mwenye watu wengi apate viti vingi, ila hakuna koloni mwanzilishi litakalopata pungufu ya viti vitano. Seneti isihesabu watu. Kila moja, kubwa kwa dogo, lipate maseneta sita. Seneti isibadilishe miswada ya kodi na ya matumizi ya kawaida ya serikali, lakini iweze kuikataa au kuirudisha na maombi. Hakuna aliyetoka na yote aliyoingia nayo.

Endeleeni kuhesabu pamoja nami. Ushuru kati ya makoloni ungefutwa, na ushuru wa bandarini ungekuwa wa taifa. Lakini yako makoloni yaliyoishi kwa ushuru huo. Edward Braddon wa Tasmania akadai kwamba robo tatu ya mapato hayo irudishwe kwa makoloni. Wapinzani wake wakakiita kifungu hicho doa, na mwishowe kikakubaliwa kwa miaka kumi ya mwanzo. Australia Magharibi iliogopa kwamba bidhaa za mashariki zingeua biashara zake changa, ikaruhusiwa kuendelea na ushuru wake kwa miaka mitano, ukipungua kila mwaka. Mwenye nguvu alimsubiri dhaifu ajikaze. Je, hayo hayakuandikwa kwa ajili yetu pia, tunaotaka kila mtu aende kwa mwendo wetu?

Juni 1898 kura ya maoni ilipigwa. Victoria ilikubali, Australia Kusini ikakubali, Tasmania ikakubali. New South Wales walisema ndiyo watu 71,595 na hapana watu 66,228. Waliosema ndiyo walikuwa wengi zaidi, lakini bunge la koloni hilo lilikuwa limeweka sharti la kura 80,000 za kukubali. Basi jambo likaanguka.

Wapendwa, hapa ndipo mioyo hupimwa. Wangeweza kutukanana. Wangeweza kusema New South Wales ni msaliti, tuendelee bila yeye. Badala yake mawaziri wakuu wote sita, wa Queensland safari hii akiwa miongoni mwao, walikutana Melbourne mapema 1899, wakarudi kwenye karatasi. New South Wales ilitaka makao makuu ya taifa. Ikapewa, lakini kwa sharti kwamba mji huo uwe umbali usiopungua maili 100 kutoka Sydney. Victoria nayo ikapewa bunge likae Melbourne mpaka mji mpya ujengwe. Bunge lilikaa huko hadi mwaka 1927, lilipohamia Canberra. Sydney ililikosa, Melbourne ililiachia, na taifa likapata mji ambao hakuna hata mmoja wao aliyeweza kujivunia kuwa ni wake. Mwaka huohuo wa 1899 New South Wales ilipiga kura tena, na waliokubali wakawa 107,420. Queensland ikafuata Septemba. Australia Magharibi ikaja ya mwisho, Julai 1900, wachimba dhahabu wa Kalgoorlie na Coolgardie wakiwa wametishia kujitenga na koloni lao ili wajiunge peke yao.

Hii ndiyo bei ninayoihubiri. Umoja uliowagharimu wahusika kitu ndio uliosimama. Mtu akikuambia kwamba tutaungana na wewe hutapoteza lolote, muulize ni nani basi ameandaliwa kupoteza. Swali hilo, ndugu zangu, linatufikisha mlangoni.

Aliyeachwa nje ya mlango

Katika mijadala ile lilitokea ombi lililotoka makanisani kila upande: katiba imtaje Mungu. Patrick McMahon Glynn, mjumbe Mkatoliki wa Australia Kusini, alilipeleka ombi hilo Adelaide, likakataliwa. Akalirudisha Melbourne mwaka 1898, likakubaliwa. Ndiyo maana utangulizi wa sheria ile unasema watu wa makoloni wanaungana wakitegemea kwa unyenyekevu baraka ya Mungu Mwenyezi. Wasabato walikuwa wamepinga, wakihofia kwamba kesho taifa litawashurutisha kuitunza Jumapili. Hofu yao ilisikilizwa: kikaongezwa kifungu cha 116, kinacholikataza taifa kuanzisha dini, kulazimisha ibada au kuzuia mtu kufuata imani yake. Nalisifu jambo hilo kwa moyo wote. Jina la Mungu liliandikwa, na wachache wakalindwa wasipigwe kwa jina hilo.

Lakini geuzeni kurasa za karatasi hiyohiyo. Fikeni kifungu cha 127. Kinasema kwamba katika kuwahesabu watu wa taifa, wenyeji asilia wasihesabiwe.

Wasihesabiwe! Watu walioishi katika nchi ile kwa makumi ya maelfu ya miaka kabla ya meli ya kwanza kutoka Uingereza. Watu walionyang'anywa maji na malisho, waliouawa mipakani, waliosukumwa kwenye hifadhi na vituo vya misheni. Hakuna hata mmoja wao aliyeketi mezani Sydney, wala Adelaide, wala Melbourne. Wajumbe walibishana siku nyingi juu ya nani alipe kiasi gani cha ushuru, na hawakutumia siku hata moja kuwauliza wenye nchi kama nchi inauzwa. Utangulizi ukamwita Muumba. Kifungu cha 127 kikawafuta watoto wake katika hesabu. Mkono mmoja ulivishika vijiti sita, na mkono wa pili ukakitupa cha saba.

Na agano likianza hivyo, sheria hufuata njia yake. Mwaka 1901, mwaka wa kwanza kabisa wa taifa, bunge jipya lilipitisha sheria ya kuzuia wahamiaji, iliyomtaka mgeni aandike imla ya maneno 50 katika lugha ya Ulaya atakayochaguliwa na ofisa, ili asiyetakiwa kwa rangi yake ashindwe. Mwaka huohuo likaamuru warudishwe makwao watu wa Visiwa vya Pasifiki, ambao tangu 1863 walikuwa wameletwa kwa maelfu kukata miwa Queensland, wengine kwa hila, wengine kwa nguvu. Jasho lao lilipokelewa. Wao wenyewe wakakataliwa. Mwaka 1902 ikaja sheria ya uchaguzi. Iliwapa wanawake weupe kura nchi nzima, na kwa hilo ilizitangulia nchi nyingi za dunia. Lakini sheria hiyohiyo iliwanyima kura wenyeji asilia wa Australia, wa Asia, wa visiwa vya Pasifiki isipokuwa New Zealand, na wa Afrika, ila yule aliyekwisha kuwa na haki hiyo katika koloni lake. Ndiyo, msomaji wangu: bara lako limetajwa katika sheria ile kwa jina. Na katika misheni ya Point McLeay, Australia Kusini, walikuwepo wenyeji, wanaume kwa wanawake, waliopiga kura katika miaka ya 1890 kabla taifa halijazaliwa. Kwa watu kama hao, muungano uliosherehekewa kwa mizinga na bendera ulikuja kuwafungia watoto wao mlango waliokuwa wamekwisha kuuingia.

Sasa lisomeni somo letu la pili. Kanisa la Yerusalemu lilikuwa changa, limejaa furaha, na ndani yake wajane wa Wayahudi wa Kiyunani walikuwa wanasahauliwa katika mgawo wa kila siku. Mitume walifanyaje? Hawakusema umoja wetu ni mchanga, msiutikise kwa manung'uniko. Waliita kusanyiko zima, wakachaguliwa watu saba kusimamia mgawo, na tazameni majina yao: Stefano, Filipo, Prokoro, Nikanori, Timona, Parmena, Nikolao. Yote saba ni majina ya Kiyunani! Waliosahauliwa ndio waliokabidhiwa ghala. Luka anaandika kwamba baada ya hapo Neno lilienea. Kanisa lilikua pale lilipomsikiliza aliyelia.

Australia ilichelewa, na kuchelewa kwake kumeumiza vizazi. Haki ya kura katika uchaguzi wa taifa ilitolewa kwa wenyeji wote mwaka 1962. Tarehe 27 Mei 1967 wananchi waliulizwa kama maneno yale ya aibu yaondolewe, na zaidi ya asilimia 90 wakasema ndiyo. Kifungu cha 127 kikafutwa. Tarehe 13 Februari 2008 waziri mkuu Kevin Rudd alisimama bungeni akaomba radhi kwa niaba ya taifa kwa watoto wa wenyeji asilia waliotwaliwa kutoka kwa mama zao. Oktoba 2023 wananchi waliulizwa kama wenyeji asilia wapewe chombo cha kudumu, kilichoandikwa katika katiba, cha kulishauri bunge. Majimbo yote sita yakakataa. Miaka zaidi ya 120 imepita tangu taifa lizaliwe, na deni lile bado linazungumzwa mezani. Walioketi mwaka 1898 walidhani wamepunguza gharama kwa kumwacha mtu nje. Waliihamisha tu, wakawatwika wajukuu.

Neno kwetu

Sisi wa Afrika Mashariki hatuwezi kusoma habari hii kama wapita njia. Tarehe 5 Juni 1963 Kenyatta, Nyerere na Obote walitangaza Nairobi kwamba wataunda shirikisho, na shirikisho hilo halikuundwa. Tanganyika na Zanzibar ziliungana tarehe 26 Aprili 1964, na mpaka leo watoto wa muungano huo wanajadili kipi ni cha nani. Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 1967 ilivunjika 1977, reli na ndege za pamoja zikagawanywa. Mkataba mpya ulisainiwa Arusha Novemba 1999, sasa nchi wanachama ni nane, na mkataba huo unataja shirikisho la kisiasa kuwa ndio mwisho wa safari. Basi maneno haya yanatuhusu sisi tulio hai.

Kwenu mnaotumwa kujadili kwa niaba yetu: nendeni mkijua mtakachokiacha, kabla hamjaorodhesha mtakachodai. Mwenye watu wengi akubali kukaa sawa na mwenye watu wachache katika chumba kimoja cha nyumba. Mwenye bandari amkumbuke asiye na bahari. Mkishindwa mara ya kwanza, rudini. New South Wales ilishindwa 1898 na ikarudi baada ya mwaka mmoja. Kiburi ndicho kisichorudi.

Kwenu wachungaji, mapadre na wazee wa kanisa: acheni kubariki mikataba msiyoisoma. Kumtaja Mungu katika utangulizi ni jambo jema, na shetani hasumbuki nalo hata kidogo iwapo kifungu cha mbele kinamfuta maskini. Someni mpaka ukurasa wa mwisho. Tafuteni kifungu cha 127 katika kila agano linaloletwa mbele yenu, liwe la nchi, la dayosisi, la ushirika wa mazao au la ukoo. Kipo mara nyingi. Wakati mwingine hakijaandikwa. Kimekaa katika orodha ya walioalikwa kikaoni.

Kwenu vijana mnaosema mambo haya ni ya wazee: John Quick alikuwa na miaka 41 aliposimama Corowa, na walioketi mbele yake walikuwa watu wa kawaida waliochoshwa na forodha. Msisubiri kualikwa Arusha. Jifunzeni mkataba, ulizeni maswali, kataeni kuitwa wageni katika nchi za ndugu zenu, na kataeni kumwita mwenzenu mgeni katika yenu.

Na kwako wewe uliyeshika karatasi hii peke yako: una agano mahali fulani. Ndoa yako, shamba la urithi mnalogawana, kikundi cha kuweka na kukopa, kwaya iliyogawanyika, usharika unaotaka kujitenga. Jiulize maswali mawili, na uyajibu mbele za Mungu kabla hujalala. Mimi nimetoa nini? Na ni nani hayupo mezani?

Ukikuta hujatoa kitu, bado hujaingia katika agano. Umesimama kizingitini ukidai. Ukikuta yuko mtu amekosekana, usisaini. Ahirisha kikao, toka nje, kamwite kwa jina lake, mpe kiti, mpe na kalamu. Mungu aliyevishika vijiti viwili mkononi mwa Ezekieli anayajua majina yote, na siku atakapoita hesabu hatakubali orodha yenye pengo.

Amina.